Apaches (1977): inatisha kweli, ila nina neno na wakubwa

Kama mwanao bado mdogo hii usimwekee, narudia, usimwekee. Ni filamu ya dakika 27 iliyotengenezwa Uingereza ionyeshwe mashuleni, lengo watoto waache kuchezea mashine za shamba, na director ni John Mackenzie, yule yule aliyekuja kufanya The Long Good Friday, ile muvi ya majambazi wa London, kwa hiyo usitegemee vikatuni na nyimbo za kupiga makofi.

Watoto sita wanacheza Wahindi Wekundu shambani. Mmoja anadondoka kwenye tela la trekta anakanyagwa, na wenzake wanarudi kucheza tu kama hamna kitu!! Mwingine anazama kwenye shimo la mavi ya ng'ombe. Nikajua hapa nishazoea, afu ikaja ya Sharon. Wanafanya karamu ya kujifanya, anaonja kidogo tu kwenye chombo kumbe kina sumu ya shambani. Damu huoni. Inaingia usiku, kamera iko nje, nyumba imelala, taa ya dirisha inawaka na mtoto analia kwa maumivu anamwita mama yake, hauonyeshwi chochote zaidi ya hilo dirisha aisee. Volyumu nilipunguza.

Hapo ndo inapoipiku ile filamu nyingine maarufu ya Uingereza ya kuonya watoto, Lonely Water ya 1973 ya hatari za maji, yenye jini la joho na sauti ya mwigizaji Donald Pleasence. Ile inaogopesha sawa, ila mtoto anatoka anaogopa jini, sio maji. Hii ya shamba unatoka unaogopa geti, trekta, chupa, vitu unavyoviona kila siku. Na mwisho yanapita majina ya watoto wa kweli waliokufa kwenye ajali za mashambani, yani hata ukitaka kujiambia ni muvi tu unashindwa.

Sasa kero yangu. Mzigo wote wa kuogopa kabebeshwa mtoto. Sumu nani aliiacha mahali mtoto anafikia? Funguo za stoo ziko wapi? Mwenye shamba haulizwi popote, na ukishaona wanakufa kwa zamu hivi unaanza kuona kama wamelogwa vile, sio kwamba kuna mtu angeweza kufanya kitu.

BFI, taasisi ya filamu ya Uingereza, wameitoa kwenye DVD za filamu za COI, iliyokuwa ofisi ya serikali ya huko ya matangazo kwa umma. Nyota 4, na kama wanao wameshakua kidogo kaa nao pembeni wakiangalia, na wewe mwenye stoo isiyofungwa angalia mara mbili.