SSD ya PS5: Uliza Unene Kabla ya Kuuliza Kasi

Wasomaji wanaotaka kuongeza hifadhi ya PS5, mashine ya gemu ya Sony, wananiletea malalamiko yanayofanana mno. Mtu amenunua SSD (hifadhi ya chipu) ambayo muuzaji aliisifia kasi, amepewa na kipoza joto cha pembeni, yaani bamba la chuma la kuondoa joto linalouzwa peke yake, amefika nyumbani akavifunga pamoja, kisha mfuniko wa sloti, tundu la ndani ya mashine linalochomekwa SSD, umekataa kukaa mahali pake. Wengine huamua kuuacha mfuniko nje, na wengine hurudi dukani, ambako huambiwa kwamba mali iliyokwisha kubandikwa gundi haipokelewi tena. Kwa kuwa ni nadra tangazo la bidhaa hizi kutaja milimita, mwongozo huu utazitaja kuliko jambo lingine lolote.

Haja yenyewe ya kununua haihitaji maelezo marefu. PS5 ya kwanza, iliyotoka Novemba 2020, ina SSD ya GB 825, na kati ya hizo mchezaji hubakiwa na takriban GB 667 za kuwekea gemu. Toleo jembamba la mwishoni mwa 2023 lilipewa TB 1, na Pro ya 2024 ikapewa TB 2, lakini gemu nazo zimenenepa kiasi kwamba gemu moja kama Call of Duty huvuka GB 100. Anayefuta gemu ili kupata nafasi hulazimika kuipakua upya siku akiitaka, na kwa wengi wetu upakuaji huo ni bando linaloyeyuka usiku mmoja. Tangu Septemba 2021 Sony imeruhusu sloti ya M.2 (umbo la SSD nyembamba kama kijibodi) iliyomo ndani ya mashine itumike. Masharti ya kawaida ni kwamba SSD iwe ya NVMe, PCIe kizazi cha 4 (aina ya njia ya kasi ya kupitishia data), na Sony inapendekeza kasi ya kusoma ya MB 5,500 kwa sekunde au zaidi. SSD za M.2 za aina ya SATA, njia ya zamani na ya polepole, ambazo kwa macho zinakaribia kufanana kabisa na hizo, hazifanyi kazi. Wauzaji wanayajua haya, au angalau wanajua kuyatamka, kwa hiyo sitayarefusha.

Jambo wasilolitamka ni ukubwa wa chumba chenyewe. Sony inataka upana usizidi milimita 25 na unene wote, pamoja na kipoza joto, usizidi milimita 11.25. Katika unene huo, sehemu iliyo juu ya bodi ya SSD hairuhusiwi kuvuka milimita 8, na iliyo chini ya bodi hairuhusiwi kuvuka milimita 2.45, zilizobaki, yaani 0.8, ni za bodi yenyewe. Ni muhimu kuelewa kwamba ukomo wa juu na wa chini huhesabiwa kila mmoja peke yake. Kipoza joto chenye jumla ya milimita 10 kinaweza kukataliwa na sloti iwapo sehemu kubwa ya unene huo iko upande wa chini, na ndivyo vilivyo vipoza joto vingi vya bei nafuu: vina bamba la juu, kitako cha chini, na skrubu za pembeni au mipira ya kubania inayoongeza upana. Ukikifunga kipoza joto cha aina hiyo kwenye SSD yenye chipu pande zote mbili, jinsi zilivyo baadhi ya zile za ujazo mkubwa, nafasi ya 2.45 inakwisha kabla hujaanza kukaza skrubu, na mfuniko unakaa upande kama wa sufuria iliyojazwa wali kupita kiasi.

Wapo wanaonishauri nisikuze jambo hili, kwa kuwa PS5 huwaka hata bila mfuniko wa sloti, na hata SSD isiyo na kipoza joto chochote husomeka. Ni kweli kwamba husomeka. Lakini SSD ya kizazi cha 4 hupata joto kali hasa inapoandika data nyingi mfululizo, kwa mfano unapohamishia ndani yake gemu ya GB 100, na ikishapata joto kupita kiasi hupunguza kasi yake yenyewe ili isiungue. SSD nyingi za nyumbani zimeidhinishwa kufanya kazi hadi nyuzi 70 za Selsiasi, na PS5 yenyewe imeundwa kwa vyumba visivyozidi nyuzi 35, kiwango ambacho chumba cha bati cha Tanga au Mombasa mwezi Februari hukifikia bila shida. Sony haikusema kwamba kipoza joto ni hiari. Imesema SSD lazima iwe nacho. Nashindwa kuelewa kwa nini mtu alipie kasi ya MB 7,000 kisha ainyime kifaa kinachoiwezesha kudumu katika kasi hiyo.

Ndiyo maana nafasi ya kwanza naipa WD_BLACK SN850X yenye kipoza joto cha kiwandani, na sifichi upendeleo wangu. Unene wake wote ni milimita 8.8, kasi yake ya kusoma ni MB 7,300 kwa sekunde, na dhamana yake ni ya miaka mitano. Huna kitu cha kubandika, kubandua wala kupima, kwa sababu aliyeiunda ameshapima. Mark Cerny, msanifu mkuu wa PS5, alitangaza hadharani mwaka 2021 kwamba yeye mwenyewe amechagua SN850, iliyoitangulia hii, na kwangu ushahidi huo una uzito kuliko chati za majaribio. Tahadhari iko kwenye boksi, kwa kuwa SSD hii huuzwa pia bila kipoza joto na majina ya matoleo hayo mawili yanafanana. Soma namba ya bidhaa: ya TB 1 yenye kipoza joto ni WDS100T2XHE, na isiyo nacho ni WDS100T2X0E. Tofauti yote iko katika herufi moja iliyokaa mahali pa sifuri, na nimeshaonyeshwa picha za risiti ambapo mteja alilipia ya kwanza akakabidhiwa ya pili. SN850P, yenye leseni rasmi ya PlayStation, nayo inaingia bila tatizo, ila sioni sababu ya kuongeza fedha kwa ajili ya nembo.

Ya pili ni Samsung 990 PRO yenye kipoza joto, ambayo kwa milimita peke yake ingekuwa ya kwanza: unene wake ni 8.2, upana 24.3, na kasi yake ni MB 7,450. Kinachoishusha ni historia fupi ya mwanzoni mwa 2023, ambapo wanunuzi waliripoti kwamba kipimo cha afya cha SSD hiyo kilikuwa kikishuka haraka isivyo kawaida, na Samsung ikatoa sasisho la programu ya ndani kulirekebisha. Zinazotengenezwa sasa hazina shida hiyo, lakini PS5 haiwezi kusasisha programu ya ndani ya SSD. Ukiangukia boksi lililokaa dukani tangu wakati ule, utahitaji kompyuta yenye sloti ya M.2 kabla ya kuitumia. Hapa pia soma namba: ya TB 1 yenye kipoza joto huishia na CW au GW, na isiyo nacho huishia na BW.

Seagate FireCuda 530 yenye kipoza joto naiweka ya tatu. Sifa yake kubwa ni ustahimilivu wa kuandikwa, TB 1,275 kwa ile ya TB 1, kiwango ambacho mchezaji wa kawaida hatakifikia hata akihamisha gemu kila wiki, na kwa hiyo ni sifa unayoilipia bila kuitumia.

Baada ya hizo zinakuja SSD zinazouzwa tupu, kama vile Kingston KC3000 na Lexar NM790, ambazo kwa kasi hazina kasoro. Ukichukua mojawapo, tafuta kipoza joto cha bamba moja la juu kinachoshikwa na gundi ya pedi, kisicho na kitako, na umwombe fundi mwenye kalipa, kifaa cha kupimia unene, akupimie kabla hujalipa. Bandua karatasi za plastiki za pande zote mbili za pedi, kwa maana pedi yenye plastiki huzuia joto lisitoke. Usibandue stika ya kiwandani iliyo juu ya SSD, kwa sababu makampuni mengi huihesabu dhamana kuwa imekufa stika hiyo ikitoka.

Kuhusu za bei ya chini kabisa, Kingston NV2 imetajwa na kiwanda chake kuwa na kasi ya MB 3,500, chini ya pendekezo la Sony. Haifai kulinganishwa na zilizotangulia.

Sasa niseme neno kuhusu wauzaji. Maneno kwamba bidhaa fulani inaingia kwenye PS5 yamekuwa mapambo ya tangazo, yakibandikwa hata kwenye vipoza joto virefu vilivyoundwa kwa ajili ya kompyuta za mezani. Unapouliza unene, unajibiwa kasi. Unaporudia swali, unaulizwa kama unanunua au hununui. Bei nazo zina visingizio vyake. Ni kweli kwamba kuanzia mwishoni mwa 2025 chipu za kumbukumbu zimepanda bei duniani, kwa kuwa watengenezaji wanawahudumia kwanza wenye vituo vya data vya akili mnemba, lakini hilo halielezi kwa nini boksi lenye vumbi la mwaka juzi lipandishwe bei asubuhi moja na la jana. Kibaya zaidi ni tofauti inayotozwa kati ya toleo lenye kipoza joto na lile tupu, ambayo katika maduka kadhaa niliyoyauliza inatosha kununua vipoza joto vinne vya pembeni. Mnunuzi anasukumwa kuchukua tupu na kipoza joto cha kubahatisha, kisha hasara inakuwa yake.

Lipo pia swali la kuhamisha, ambalo hubadilisha ukubwa wa SSD unaouhitaji. Gemu za PS5 haziwezi kuchezwa kutoka kwenye diski ya nje ya USB, lakini tangu Aprili 2021 zinaweza kuegeshwa huko na kurudishwa ndani bila kupakuliwa upya, ilhali gemu za PS4 huchezwa hapo hapo kwenye USB. Diski hiyo iwe ya USB 3.0 au zaidi, yenye ujazo kati ya GB 250 na TB 8, na ichomekwe moja kwa moja kwenye mashine bila kupitia habu, yaani kigawanyaji cha USB. Elewa kwamba rekodi za maendeleo yako katika gemu za PS5 haziendi pamoja na gemu, wala haziendi kwenye M.2, hubaki katika hifadhi ya ndani ya mashine, na nakala yake ya mtandaoni hupatikana tu kwa wenye PS Plus, huduma ya kulipia ya Sony. Anayehamia PS5 nyingine aunganishe mashine zote mbili kwenye mtandao mmoja na kutumia uhamishaji wa data ulio katika mipangilio, kabla hajaikabidhi ya zamani kwa mnunuzi.

Kwa bei za sasa, basi, ningechukua SN850X ya TB 1 yenye herufi XHE na kuweka kando yake diski ya kawaida ya USB ya TB 2 ya kuegeshea gemu, badala ya SSD moja ya TB 4 iliyo tupu. Ningelifungua boksi mbele ya muuzaji, ningesoma namba iliyo kwenye SSD yenyewe, na ningemtaka aiandike kwenye risiti.