Meza ya vitabu vya mitumba karibu na Posta, Lubumbashi: nilimpata Bazin, amepungua kurasa 8

Karibu na Posta kuna papa mmoja, yaani mzee, anayepanga vitabu vya mitumba mezani. Wengi humwendea kwa vitabu vya sheria na hesabu. Mimi nilikuta kwake *Qu'est-ce que le cinéma?* (Sinema ni nini?), mkusanyiko wa makala za André Bazin, mhakiki wa filamu wa Ufaransa; jalada limepauka, mgongo umepakwa gundi.

"Hii kitabu ilikuwa inakungojea weye, Mwalimu," akaniambia. Alitaja franga elfu 25, tukapatana elfu 15.

Nina kigugumizi tangu utotoni. Mwaka wangu wa kwanza darasani niliandika ubaoni karibu kila nilichopaswa kusema. Ndiyo maana jina la Bazin halijanitoka tangu nilisikie. Alizaliwa Angers, Ufaransa, mwaka 1918, akasomea ualimu, na kigugumizi kikamzuia kuwa mwalimu. Badala yake alikwenda kufundisha kwenye sinema. Wakati Wajerumani wameikalia Paris, alionyesha filamu zilizopigwa marufuku. Vita vilipokwisha akapeleka filamu hadi viwandani, na zikimalizika watu wanabaki kuzijadili. Aliandika katika gazeti la kila siku, Le Parisien libéré, na katika jarida la Esprit, na mwaka 1951 akaanzisha jarida la filamu, Cahiers du cinéma, pamoja na wenzake. Kijana François Truffaut, aliyekuja kuwa mwongozaji wa filamu, alipofungwa jela ya kijeshi, Bazin alihangaika mpaka akatolewa, akamkaribisha nyumbani kwake. Truffaut alianza kupiga filamu yake ndefu ya kwanza tarehe 10 Novemba 1958. Usiku huohuo Bazin akafariki kwa saratani ya damu, ana miaka 40 tu. Filamu ile imetolewa kwa kumbukumbu yake. Kila nikifika hapo, moyo unaniuma.

Kitabu chenyewe si chepesi. Kifaransa chake kinahitaji utulivu, nami ukurasa mmoja huurudia mara tatu. Lakini ana jicho! Akiandika juu ya filamu ya 1948 ya De Sica, mwongozaji Mwitaliano, ile ya baba anayetafuta baiskeli yake iliyoibwa Roma, anasimama kwenye mwendo wa mtoto: De Sica alipomchagua, hakumwomba aigize, alimtaka atembee tu. Tangu nisome hapo, asubuhi nikiona baba anasukuma baiskeli ya makaa, magunia yamepita kichwa chake, natazama kwanza miguu ya mtoto anayemfuata. Anakimbia kidogo, anatembea, anakimbia tena.

Na hapohapo karatasi zikakatika. Kurasa 8 zimeng'olewa, gundi imefunika jeraha. Niliumia sana, kwa sababu kila Jumamosi vijana wa mtaa wa Kamalondo wanakuja kwangu kutazama filamu na kuijadili, na makala hiyo ya baiskeli ndiyo niliyotaka kuwasomea. Nilirudi kwa papa. Hakubisha: alizihesabu kurasa mwenyewe, akanirudishia elfu 5, akaandika namba yangu katika daftari lake. Muuzaji wa namna hiyo nitamrudia. Ila wewe ukienda, fungua kitabu katikati kabla ya kulipa, na ukipata cha gundi, hesabu kurasa.

Aliye na nakala nzima hapa Lubumbashi, naomba aniazime siku moja tu. Fotokopi nitalipia mimi.