Mhariri wa filamu Kondele, Kisumu: aliniachia kimya cha mama

Nilikuwa na saa 31 za video nilizorekodi Dunga, ufuoni mwa Ziwa Victoria: akina mama wakianika omena (dagaa), magugumaji yameziba ufuo, taa za wavuvi ziwani usiku. Mhariri wa kwanza niliyemlipa alinirudishia dakika kumi zilizofunikwa muziki mwanzo hadi mwisho. Hata kasia likigonga mtumbwi husikii. Niliumia.

Huyu wa Kondele, kabla ya kugusa chochote, alinakili kazi yote kwenye diski mbili. Akatazama kila kipande, akaandika maneno ya Kijaluo, tafsiri yake na dakika yanapotamkwa. Wiki tatu nzima! Halafu akanionyesha pale mama anapoulizwa kuhusu mwanawe aliyezama. Mama anakunja pindo la leso, ananyamaza. Mimi ningekata hapo. Yeye aliacha sekunde tisa, na chini yake sauti ya maji tu. Nililia palepale kwenye kiti.

Bei yake si ndogo, na chumba kina joto kali mchana, nendeni asubuhi. Mimi nimeshampelekea kazi ya pili.