Kuigiza Kihisi cha Mtiririko wa Maji: Proteus au Tinkercad?

Mwanafunzi wa Nairobi anayebuni mita ya maji ya kioski, kabla ya kwenda Luthuli Avenue kununua kihisi cha YF-S201, anaweza kuijaribu saketi yake kwenye kompyuta kwa programu ya uigaji kama Proteus au Tinkercad. Kihisi hiki kina gurudumu lenye sumaku ambalo, likizungushwa na maji, hutoa mipigo ya umeme: masafa yake kwa hezi (mipigo kwa sekunde) ni takriban mara 7.5 ya lita zinazopita kwa dakika, hivyo lita 10 kwa dakika ni hezi 75.

Katika Proteus, ambayo ni programu ya kulipia, kihisi huwakilishwa na kizalishi cha mipigo cha DCLOCK kinachounganishwa na pini ya Arduino (bodi ndogo ya kompyuta inayohesabu mipigo), kisha faili ya HEX, yaani programu ya bodi hiyo iliyokwisha kutafsiriwa, hupakiwa. Masafa huandikwa kabla ya kuanza, jambo linaloudhi kwa kuwa maji ya mfereji, hasa wakati wa mgao, hayaji kwa kasi moja.

Tinkercad haihitaji malipo na hufanya kazi ndani ya kivinjari. Jenereta yake ya mawimbi hurekebishwa uigaji ukiendelea, mradi lichaguliwe wimbi la mraba na volti zipande kutoka 0 hadi 5, bila kushuka chini ya sifuri. Hata hivyo, saa yake ya uigaji mara nyingi huchelewa nyuma ya saa halisi. Kwa kujaribu hesabu ya lita peke yake ningechagua Tinkercad. Kwa saketi nzima yenye vali na rilei (swichi inayoendeshwa kwa umeme), Proteus.