Kijitabu cha mafumbo ya kukatwa alama: kinafaa, ila kagua kopi kabla ya kulipa

Kwenye stesheneri za Tabora mjini kinauzwa kijitabu cha kurasa 24, shilingi 2,000, chenye mafumbo ya aina moja tu: mtihani unaotoa alama kwa jibu sahihi na kukata alama kwa kosa. Hakina jalada la maana, ni karatasi za kopi zilizobanwa pini mbili. Lakini kwa mtoto wa darasa la saba au kidato cha kwanza, ukurasa wa 5 peke yake unarudisha hela.

Fumbo lake ni hili: maswali 40, jibu sahihi alama 3, kosa hukatwa 1. Mwanafunzi kajibu yote, kapata 72. Ana makosa mangapi? Kijitabu kinaanza bila x. Chukulia amepata yote: 120. Zimepungua 48. Sasa, kosa moja linapunguza ngapi? Wengi husema 1, wakaishia na makosa 48 kwenye mtihani wa maswali 40! Kosa moja linapunguza 4: zile 3 alizozikosa, na 1 aliyokatwa. 48 gawanya kwa 4 ni makosa 12, sahihi 28. Hakiki: 84 toa 12, 72.

Mlinganyo, 3x − (40 − x) = 72, x ikiwa idadi ya majibu sahihi, unakuja baadaye, mtoto akiwa ameshalijua jibu. Hapo akisahau mabano atapata x = 56, na ataona mwenyewe kwamba haiwezekani. Mpangilio huo ni wa mtu aliyefundisha, si wa mtu aliyenakili.

Tatizo kubwa ni kopi. Kwenye nakala zilizofifia, alama ya kutoa mbele ya 1 imepotea, ikabaki kama kosa linaongeza alama 1. Ubaya ni kwamba fumbo la ukurasa wa 5 likisomwa hivyo bado linatoa namba nzima: sahihi 16, makosa 24. Mtoto hatashtuka. Fungua ukurasa huo palepale dukani. Kama alama ya kutoa haionekani, omba nakala nyingine.

Sehemu ya maswali yaliyoachwa wazi ni nzuri nusu. Maswali 50, sahihi 4, kosa hukatwa 1, sita hayakujibiwa, jumla 121. Unaanza na 44, si 50: 176 toa 121 ni 55, gawanya kwa 5, makosa 11, sahihi 33. Ukianza na 50 unapata sahihi 34.2, na desimali hiyo ndiyo kengele.

Ila fumbo la ukurasa wa 14 limeharibika. Maswali 30, alama zilezile, jumla 61, idadi ya yaliyoachwa haikutajwa. Majibu nyuma yanasema sahihi 17. Kweli, 17 na makosa 7 inakubali. Lakini hata 16 na makosa 3, na 18 na makosa 11. Mwalimu aongeze sharti, kwa mfano yaliyoachwa ni 6, au aligeuze: tafuta majibu yote.

Ukurasa wa kubahatisha ni mfupi lakini sahihi. Chaguo nne, +3 na −1: kubahatisha kipofu hakuongezi wala hakupunguzi kwa wastani. Ukifuta chaguo moja lisilowezekana, unapata wastani wa theluthi ya alama kwa swali. SAT, mtihani wa kuingia vyuo vikuu Marekani, ilikuwa ikikata robo alama kwa kosa, ikaacha mwaka 2016. JEE Main, mtihani wa kuingia vyuo vya uhandisi India, bado hutoa 4 na kukata 1.

Kijitabu hakisemi, na kilipaswa kusema kwa herufi kubwa, kwamba mtihani wa darasa la saba wa NECTA haukati alama kwa kosa. Mtoto aliyezoea mafumbo haya asije akaacha swali wazi kule. Na majibu yapo kwenye karatasi ya mwisho: ichomoe kabla hujamkabidhi.