Likeni mbili za mchanga wa Florida: Cladonia evansii na Cladonia perforata

Zote ni likeni, yaani kuvu na mwani vinavyoishi pamoja kama kiumbe kimoja, na huota juu ya mchanga mweupe wa vichaka vya Florida, Marekani, mara nyingi bega kwa bega. Evansii ni ya kawaida: mabonge ya kijivu kama pamba iliyochambuliwa. Perforata ndiyo adimu, imo kwenye orodha ya serikali ya viumbe walio hatarini tangu 1993.

Usiitambue perforata kwa rangi, maana hubadilika ikilowa. Tafuta tundu: chini ya kila panda ya tawi la perforata kuna kitobo cha mviringo, milimita 1 hivi, na ngozi ya tawi ni nyororo.

Perforata haijulikani kutoa spora, yaani chembe za kuzaana. Huenea kwa vipande vinavyovunjika, basi. Moto ukiipitia, hairudi mpaka vipande vitoke sehemu iliyonusurika. Mwaka 1995 mawimbi ya kimbunga Opal yaliisomba kisiwani Santa Rosa.