Namba za utambulisho za magitaa ya Gibson, 1977–2005: zinasomeka vizuri, ila zithibitishe

Kwa kukadiria umri wa gitaa, mpango huu ni bora sana. Geuza kichwa cha gitaa, utakuta tarakimu nane zilizogandamizwa kwenye mbao. Mfano 80762612: ya kwanza na ya tano ni mwaka, 82, 076 ni siku ya 76, yaani Machi 17, 612 inaonyesha kiwanda cha Nashville, kwani kiwanda kingine cha Gibson, cha Kalamazoo, kilitumia chini ya 500 hadi kilipofungwa 1984.

Kasoro: magitaa ya 1994 mengi huanza na 94, na modeli ya Les Paul Classic ina namba yake ya wino. Basi fungua kifuniko cha nyuma, usome namba iliyo kwenye potenshiometa (kidhibiti cha sauti): 1378205 ni CTS (mtengenezaji wake, 137), 1982, wiki ya 5. Solda ikiwa mpya inang'aa, huenda potenshiometa imebadilishwa, usiitegemee.